Ile ya Wawili

"Kata!" mwongozaji alipaza sauti. "Mzee Vitomir, mswada unasema 'nakwenda nyumbani.' Wewe unasema 'tunakwenda,' tena ile ya watu wawili. Unakwenda na nani?"

"Kwani mswada si niliuandika mimi?"

Sisi wapiga picha tulicheka. Kislovenia chetu kina "sisi" ya wengi na nyingine ya wawili tu, na ulimi wake ulikuwa umeteleza hapohapo mara ya tatu.

Vitomir alikitazama kiti kilichokuwa kando ya kamera. Miaka thelathini mkewe aliketi pale, akimnong'oneza mumewe maneno ambayo mumewe mwenyewe aliyaandika kisha akayasahau. Tangu maziko yake, tulikuwa tunatupia makoti yetu hapo.

Aliyaondoa moja moja, yangali na theluji. Akakipangusa kiti kwa mkono wa shati.

"Haya, turudie," alisema, kwa ile ya wawili.