Kipeuo cha Jirani

Shingo ya Bingwa ilikuwa imepinda kama ya mtu aliyelalia mto mbaya, na msimamizi wa mtihani alishaanza kuitilia shaka. Hilo jina la Bingwa alijipa mwenyewe, akalitembeza shule nzima. Hisabati haikushirikishwa.

Akianguka leo, anarudishwa darasa la nyuma, chumba kimoja na mdogo wake wa kike.

"Kaka, utapenda kukaa dirishani au ukutani?" binti alimuuliza asubuhi wakivaa viatu. Kisha akamhurumia. "Vipeuo si vigumu. Zidisha vya ndani kwa vya ndani. Herufi zikiwa pacha, moja inatoka nje."

"Nina mbinu zangu," Bingwa akajibu.

Mbinu zenyewe zilikuwa zimekaa kushoto kwake: msichana wa mkondo wa pili, miwani yenye vioo vinene kama vitako vya chupa, mkimya kama maktaba siku ya mapumziko. Asubuhi hiyo alikuja mwenyewe kuomba dawati la jirani. Wengine huifuata riziki. Ya Bingwa ilijileta na kalamu yake.

Swali la kwanza: rahisisha √(6x) × √(24x).

Msichana alinakili swali, akatia kalamu mdomoni, akawaza. Wenye akili huwaza. Bingwa, ili msimamizi aone mkono unatembea, akaandika lolote lililomjia: √(30x).

Alipochungulia tena, msichana naye alikuwa ameandika √(30x).

Nusura Bingwa alie. Kumbe kipaji kilikuwepo miaka yote, kimejilalia tu.

Swali la pili, vilevile: anabahatisha, anachungulia, majibu yanafanana. La tatu, la nne. Kufikia la tano alikuwa anaandika herufi kubwa kama mchora mabango, mgongo umenyooka, akiwasikitikia walimu waliomdharau. Mdogo wake angetafuta mtu mwingine wa kumpangia dirisha.

Kengele ikalia. Karatasi zikakusanywa. Msichana akavua miwani, akaifuta kwa pindo la sketi. Machozi yalikuwa yamemlenga.

"Mungu akubariki, Bingwa," alinong'ona. "Mimi vipeuo sivijui hata kimoja. Kule kwetu waliniambia, ukitaka kupona, kaa karibu na yule."