Pua ya Mpigapicha

Macho ya Shekue yalishaingia ukungu, lakini hakumwambia mwongozaji, maana mpigapicha wa filamu asiyeona nani atamwajiri? Alinusa. Bibi harusi wa filamu alijifukiza udi, naye akawa anazungusha lenzi ili sura isififie, akifuata harufu inavyomkaribia, na picha, amini usiamini, zikatoka safi. Siku ya mwisho harufu haikuja.

"Mwanangu, leo hunukii?" akamnong'oneza yule bibi harusi.

"Nina mimba changa, mzee. Nikisikia udi moyo unanichafuka."

"Acheni umbea, tunapiga!" mwongozaji akafoka.

Vidole vya Shekue vikaganda kwenye lenzi. Binti akayatazama yale macho, akaelewa. Akarudi mlangoni, anapoanzia kuingia, kisha akaanza kuja polepole, kila hatua akigonganisha bangili zake. Shekue akatega sikio, vidole vikaanza kwenda.