Nyimbo Saba za Bi Qamar

Nthenya alipewa nyimbo zote saba, bure, na maandazi juu yake. Wekulo alizisikia kwenye simu ya Nthenya pale kantini ya chuo, akashindwa hata kumaliza ugali wake.

Ule haukuwa wivu mdogo, jamani. Hao wawili wana profesa mmoja, nafasi ya uzamivu ni moja tu, na kesho kila mmoja anatetea tasnifu yake. Isitoshe, Wekulo ndiye aliyetangulia kwa Bi Qamar.

Bi Qamar wa Ziwani ndiye pekee mtaani aliyebaki na nyimbo za kumwimbia bibi harusi anaposingwa, yaani anaposuguliwa manukato mwilini. Wekulo alipomwendea mwezi wa Machi, mama alimkaribisha vizuri. Alimuuliza umri, miaka aliyosoma, hata jina la profesa wake. Kisha akasema, "Nyimbo sitoi, mwanangu."

Wekulo akamtajia elfu mbili. Hapana. Elfu tano. Hapana. Alipofika elfu kumi mama alitazama pembeni, akamwambia aende salama.

Alirudi kwake Jericho amefedheheka, akaigeuza fedheha ile kuwa nadharia: yapo mambo ya utamaduni ambayo soko haliyafikii, na ukiyatajia bei, mwenyewe anakufungia mlango. Profesa aliipenda mno. Sura moja ikazaa nyingine mpaka tasnifu ikafika kurasa mia mbili na kumi.

Sasa huyu Nthenya, ambaye Wekulo mwenyewe alimwelekeza nyumba wiki moja baadaye, kumbe alipewa kila kitu bila kutoa hata shilingi. Nadharia haikuvunjika kwa hilo. Ilizidi kupata nguvu. Lakini roho ilimuuma. Alitaka kujua Nthenya alipendewa nini.

Jioni hiyo hiyo akaenda Ziwani.

"Shikamoo, Bi Qamar."

"Marahaba. Ulipotelea wapi wewe?"

"Nimekuja kuomba radhi. Nilikukosea kukutajia pesa."

"Hukunikosea hata kidogo," alisema mama. "Elfu kumi zile zilinisumbua wiki nzima. Ningezipokea kwa mikono miwili."

Wekulo alikaa bila kukaribishwa. "Basi mwenzangu ana nini ambacho mimi sina?" aliuliza.

"Hana kitu." Bi Qamar alivuta daftari lililokuwa chini ya mto wa kiti. "Tangu watu wa chuo waanze kuja hapa, mmoja nampa nyimbo, anayefuata namnyima, awe nani, alete nini. Nataka kujua ni yupi huandika zaidi, aliyepewa au aliyenyimwa."

Akavaa miwani, akashika kalamu.

"Mwenzako ameniambia amefika kurasa tisini. Wewe je?"