Mtu wa Mnyororo

Boksi la vitamtam vya maziwa Kankuben alimlisha ng'ombe wa mtaani, kimoja baada ya kingine, mbele ya macho ya aliyelileta.

"Mamkubwa, nimepanga foleni saa nzima kuvipata," alisema Dhansukh.

"Ng'ombe anakushukuru."

Dhansukh, mkubwa wa chama hapo mtaani, alicheka bila raha. Alipoingia alikuwa ameinama amguse miguu, kama wadogo wanavyowaamkia wakubwa wao. Kankuben aliivuta miguu chini ya kitanda cha kamba. Mkono wa baraka haukushuka kichwani kwake.

"Sikiliza, mamkubwa. Mashahidi wanane wamesema moshi ulikuwa mwingi. Na wewe sema moshi ulikuwa mwingi. Basi! Unarudi nyumbani, unakunywa chai yako."

"Moshi ulikuja baadaye. Mnyororo ulitangulia."

"Wewe usipoihurumia damu yako, nani ataihurumia? Siku ukifa, nani atakuwashia kuni za kukuchomea?"

"Manispaa ina kuni. Na kiberiti inacho."

Siku ya ghasia, miaka kumi na moja iliyopita, Mehrunisa muuza mikate alikimbilia ndani ya duka lake na binti zake wawili. Mtu mmoja akapitisha mnyororo kwenye vishikio vya mlango, kwa nje, akatia kufuli; kisha umati ukalitia duka moto. Kankuben alikuwa juu ya paa lake, ng'ambo ya barabara. Siku hizo macho yake yalikuwa bado yanatunga uzi kwenye sindano. Alimwona aliyefunga. Kisha akamsikia Mehrunisa akimwita yeye, Kankuben, kwa jina, mara nyingi, mpaka akanyamaza.

Siku ya tatu alikwenda polisi, akalitaja jina la aliyefunga. Karatasi ikaandikwa: umati usiojulikana. Mwaka haukuisha, faili likafungwa.

Majaji wa Delhi ndio waliolifungua tena. Waliwanyang'anya polisi wa hapa kesi, wakaunda kikosi maalumu cha wapelelezi wa kutoka mbali, na kila miezi mitatu kikosi kiliwapelekea taarifa ndani ya bahasha yenye lakiri. Washtakiwa kumi na wanne wakakamatwa. Lakini ni yupi kati yao aliyefunga mlango, hakuna aliyekubali kusema.

Siku ya kutoa ushahidi, saa tatu asubuhi, alikuja Inspekta Selvam wa kikosi hicho, mtu wa kusini aliyeongea lugha yao kama anayetafuna kokoto.

"Mama, bahasha inaondoka Jumatatu. Mara tisa majaji wameniuliza, nani alifunga mlango? Mara tisa nimeandika 'hajajulikana'. Safari hii nikiandika hivyo, shtaka la mauaji linaondolewa, linabaki la fujo tu. Nipe jina, niandike."

"Jina nilishalitoa mara moja, mwanangu, karatasi ikalimeza. Leo nitamwekea mkono mbele ya jaji. Tuone nani ataufuta."

Selvam aliutazama ukungu mweupe uliotanda kwenye mboni zake. "Kwa macho haya?"

"Atajionyesha mwenyewe."

Mahakamani washtakiwa wote walikuwa wamevaa mashati meupe na kunyoa masharubu. Kwa Kankuben hilo halikubadili kitu. Wote walikuwa vivuli. Wakili wao alimsogelea.

"Bibi, hapa nimeinua vidole vingapi?"

"Sijui. Ila tambuu ulilotafuna lina karafuu nyingi."

Watu waliangua kicheko. Jaji aligonga meza, akaamuru washtakiwa watoke kwenye benchi lao, wasimame mstari mmoja.

"Mama, pita mbele yao. Ukimtambua mtu aliyefunga ule mlango, mwekee mkono. Usipomtambua, sema tu."

Kankuben alivua champali zake, akaziacha chini ya kizimba. Alikwenda taratibu. Mbele ya kila kivuli alisimama kimya, miguu pamoja, kama mtu asiye na haraka ya kwenda popote. Wa kwanza alinuka mafuta ya nywele. Wa nne alikohoa. Wa tisa alinong'ona, "Pita, bibi kipofu, pita." Alipita. Kutoka viti vya nyuma alimsikia Dhansukh akisafisha koo.

Mbele ya wa kumi na moja alisimama vilevile.

Kivuli kikakunjika.

Vidole viligusa mguu wake wa kulia, kisha wa kushoto. Lilikuwa jambo la mara moja tu, kama mtu anavyofukuza nzi, mgongo ukiwa umeinama kabla kichwa hakijajua.

"Inuka, mpumbavu we!" mtu alifoka kwa sauti ya chini.

Kankuben alikuwa ameshashusha mkono. Kiganja kilitua juu ya utosi. Nywele zilikuwa zimeanza kupungua pale.

"Huyu," alisema. "Ndiye aliyefunga mnyororo."

Wakili aliruka. "Mheshimiwa, napinga! Shahidi haoni! Amemshika aliyeinama, basi!"

"Keti," alisema jaji. Kalamu ya karani ilisimama, ikingoja. "Mama, kwa kumbukumbu za mahakama hii, mtu huyu ni nani kwako?"

Hakuuondoa mkono.

"Mwanangu," alisema Kankuben. "Wa pekee."