Diski Mpya kwa Kompyuta Kongwe

Kwa mara ya tatu asubuhi hiyo, wifi yake alijaribu kumpokonya fundi bisibisi.

"Wifi, pumzika bwana. Umetoka jasho mpaka huruma."

"Nitapumzika kompyuta ikishaiona diski," fundi alijibu kutoka chini ya meza. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye alikuwa ameinama tangu chai, magoti yamejaa nyuzi za rangi zote.

Hakuitwa. Hilo ndilo lililomkera. Ana kibanda chake cha kutengeneza kompyuta, mtaa mzima unamletea, lakini dada wa mume wake mwenyewe amegomewa na mashine na hata simu hakupiga. Alisikia kwa jirani. Tangu aolewe katika ukoo ule amekuwa kuku mgeni, kamba haimtoki mguuni: mwanamke gani huyu, kutwa kushika bisibisi? Leo angewaonyesha. Akiiwasha mashine hii, hakuna atakayemcheka tena kwenye vikao vya familia.

Wifi alikuwa mshonaji, na mashine yake ya kudarizi iliendeshwa na kompyuta kongwe, kwa sababu waya wake haukuingia kwenye kompyuta yoyote ya kisasa. Diski ya zamani ilipoanza kugongagonga, aliipeleka dukani, wakamhamishia michoro yake yote kwenye diski mpya, kubwa ajabu. Huko dukani ilisomeka vizuri. Hapa nyumbani kompyuta kongwe iliona robo yake tu. Maua na herufi za zamani zilifunguka. Michoro ya karibuni, iliyokaa mwishoni mwa diski, ilikuwa kama haipo duniani.

Na humo mwishoni ndimo ilimokuwa picha ya maharusi, ya kudariziwa kwenye kitambaa cha ukutani. Mteja alikuwa anaitaka jioni hiyo hiyo.

"Ubao mama, huu unaobeba vifaa vyote humu ndani, ni wa zamani," fundi alieleza. "Ulipotengenezwa, diski kubwa namna hii zilikuwa hazijazaliwa. Unahesabu mpaka vidole vinakwisha, basi, unanyamaza."

"Si imeona robo? Inanitosha. Nina kazi za maua."

"Na picha ya maharusi?"

"Hiyo nitajua mwenyewe."

Haniamini, fundi alijisemea, na moyo ukamuuma kweli. Akabadilisha waya. Akaingia kwenye mipangilio, akatoka, akazima, akawasha. Kompyuta ikaganda kwenye nembo ya kiwanda, feni inaunguruma bure. Akapuliza vumbi, akapiga chafya, akasimama, akaketi, akasimama tena. Mikono haikutaka kutulia.

Ili kujipa moyo akamtumia mumewe ujumbe wa sauti. Mumewe alikuwa safarini kikazi wiki nzima. "Baba, niko kwa dada yako, namtengenezea mashine. Niombee nisiaibike."

Haukupita muda, simu ya wifi ikalia. Akatoka nayo uani na kufunga mlango nyuma yake. Aliporudi, uso ulikuwa umemshuka.

"Mteja huyo. Anasema tuache. Kitambaa hakitaki tena."

"Hakitaki!" Joto lilimpanda fundi mpaka masikioni. "Amesikia tunahangaika, ameshatudharau. Mwambie aje jioni achukue kazi yake."

"Wifi yangu, nakuomba. Nenda nyumbani ukapike, watoto watarudi na njaa."

"Watoto wana mikono."

Wifi alikaribia kulia. Fundi alimwona na akamhurumia. Kumpoteza mteja si jambo dogo. Ndipo akakumbuka kadi ndogo iliyokuwa kwenye mfuko wake wa vifaa, aliyoichomoa kwenye kompyuta moja mfu. Kadi ile ilikuwa na akili yake yenyewe na ilijua kuhesabu mbali. Unaichomeka kwenye ubao mama, diski unaifunga kwenye kadi, na ubao usichokijua unaiuliza kadi. Mbona hakuifikiria tangu asubuhi?

Akazima kompyuta, akaichomeka, akaifunga diski kwenye kadi. Akafunga skrubu moja, nyingine ikamponyoka ikapotelea kwenye nyuzi, akaiacha, akawasha kompyuta. Wifi alikuwa amesogea karibu na swichi ya ukutani, mkono juu yake.

"Usiguse, wifi! Ukizima sasa tutaua kila kitu."

Mkono ukashuka.

Kioo kikawa cheusi. Kikabaki cheusi. Kisha mstari wa herufi nyeupe ukapita, na mwingine, na diski ikatokea yote, kubwa kama ilivyo, mpaka mwisho wake.

"Yote! Wifi, imeiona yote!" Fundi alimrukia na kumkumbatia. Wifi alisimama mkavu kama ubao wa kupigia pasi.

"Asante. Nimeona. Sasa zima."

"Fundi gani anazima kabla ya kujaribu?" Fundi alicheka. Furaha ilimjaa, tayari aliwaona mawifi na mashemeji wakisimuliana habari zake. Akashuka mpaka mchoro wa mwisho kabisa, akaufungua.

Kompyuta kongwe haina haraka. Ilianza kuchora picha kutoka juu, mstari kwa mstari: shela jeupe, paji la uso, macho ya msichana anayecheka.

"Mzuri jamani! Nani huyu?"

Wifi alikuwa ameketi sakafuni, viganja usoni.

Bibi harusi alikuwa amesimama nyuma ya kiti alichokalia bwana harusi. Zikashuka nywele za bwana harusi, zikashuka nyusi. Na kwenye kiti kile, mikono ya bibi harusi mabegani mwake, amevaa suti mpya na kutabasamu kwa raha zake, alikuwa ameketi mume wa fundi.