Honi ya Basi la Baba Tunu

"Nikiipiga Windows mpya, kila kitu kinafutika," fundi Mbaraka alisema, kompyuta ikiwa mbele yake. "Kuna cha kuhifadhi?"

Mwenye kompyuta, mjane aitwaye Sikudhani, alifikiri kidogo. "Basi la marehemu."

Mumewe hakuwahi kumiliki basi. Alikuwa na gemu la kuendesha basi, akicheza mchana kutwa, wakati mkewe amelala baada ya kukesha akioka mikate kiwandani.

Mbaraka alitafuta kwenye folda za kawaida, hakuona kitu. Akafungua zile zilizofichwa, na huko akakuta safari zilizohifadhiwa, rangi za basi alizojiongezea, na faili dogo la mipangilio. Alilisoma mstari kwa mstari, akasita.

"Sauti ya injini ipo. Mvua ipo. Hata kondakta yupo. Honi tu ndiyo ameiweka sifuri. Niirudishe?"

Sikudhani aliwahi kupiga kelele mara moja tu kutoka chumbani: "Honi hiyo, baba Tunu!" Tangu siku ile hakuisikia tena, akadhani mumewe ameshaizoea barabara ya gemu, hahitaji tena honi.

"Usiiguse, fundi. Nakili hivyo hivyo."

Mbaraka aliyanakili yote kwenye flashi, kisha akafungua safari ya mwisho kuhakikisha inafanya kazi. Basi lilikuwa limejaa abiria. Mbele yake kundi la mbuzi lilikuwa limelala katikati ya barabara, na basi limesimama, injini inanguruma taratibu, likisubiri waamke wenyewe.