Wingu Linalotembea

Serafina aliliona kabla ya wengine, akafumba mdomo.

Lilikuwa mbali ziwani, upande wa kusini, jembamba chini na limetanuka juu. Akaendelea kumenya muhogo huku akilitazama kwa pembe ya jicho. Mwaka mzima ulikuwa umemfundisha kutosema.

Mwaka uliopita, wiki tatu baada ya kuolewa, aliona wingu kama hilo. Alikuwa ametoka juu Mbinga, kwenye mashamba ya kahawa, na hakuwahi kuona maji mengi kuliko ya mto. Alipiga yowe kwamba boti inaungua. Kijiji kizima kilikimbilia ufukweni. Wanaume walisukuma mitumbwi. Mama mmoja mwenye mwana majini alizimia. Mitumbwi ikarudi, wavuvi wamejaa nkungu kwenye nywele na masikioni, vile vidudu vidogo vinavyoibuka ziwani kwa mamilioni na kupanda angani kama moshi. Watu walicheka mpaka jioni.

Tangu siku hiyo aliitwa Mama Moshi, kabla hata hajapata mtoto wa kumpa jina jingine. Akisema mvua inakuja, mtu alimuuliza, "Una hakika, Mama Moshi?" Akisema mtoto wa jirani ana homa, waliuliza vilevile. Mtu akiulizwa hivyo kila siku, mwishoni huanza kuyauliza macho yake mwenyewe.

Mumewe Wilfred peke yake hakumwita jina hilo. Alikuwa baharia kwenye boti ya mashine ya Pankras, mmoja wa wafanyabiashara waliochipuka tangu nchi iambiwe kuwa biashara ni ruksa. Walileta mitumba na mafuta ya taa kutoka Mbamba Bay. Safari hii alipoondoka alimwambia, "Siku utakayowatambua nkungu kabla ya wenzako, nitajua nimeoa Mnyasa. Nitakuchagulia gauni la maua, lile la juu kabisa kwenye robota."

Serafina aliweka kisu chini.

"Mama," alimwambia mkwewe, "nadhani naona nkungu."

Bi Luisa aliinua uso. Macho yake yalikuwa na mtoto wa jicho. Ziwa aliloishi kando yake miaka sitini sasa aliliona kwa kuambiwa.

"Usidhani. Nilikufundisha nini?"

"Moshi una mguu, husimama pale moto ulipowashwa. Nkungu hawana mguu. Hutembea juu ya maji."

"Basi tazama. Usiwe na haraka. Macho yangu ni wewe."

Serafina alitazama. Kulikuwa na jiwe kubwa lililochomoza majini, na wingu lilikuwa kushoto kwake. Alihesabu pumzi zake. Alipofika mia, wingu lilikuwa limegusa jiwe. Akahesabu tena. Wingu lilikuwa limelipita.

"Wanatembea, mama. Wanakuja kwetu."

Bi Luisa alitabasamu, meno yote machache yakaonekana. "Waite wenzako, basi. Waite wewe."

Serafina alisimama ukingoni, akaita. Sauti ilianza kwa kutetemeka, kisha ikanyooka. Wanawake walitoka majumbani na makapu na nyungo. Eunice, jirani ambaye ndiye aliyembatiza lile jina, alikinga jua kwa kiganja.

"Weusi kweli," alisema. "Mwaka huu wamenona. Una hakika, Mama Moshi?"

"Nina hakika."

Eunice alimtazama, kisha akacheka, kicheko kisicho na mwiba. "Haya, Mama Nkungu. Tutangulie."

Pembeni, Mansuetus, shemeji yake Serafina, aliacha wavu aliokuwa akiushona. Alilitazama wingu kwa muda, akaenda kwenye mtumbwi wake na kuufungua kamba.

"Ngoja nikaangalie," alisema. "Hili sijalipenda."

Kwa mara ya kwanza katika mwaka mmoja, Serafina ndiye aliyewachekesha watu.

"Shemeji, na wewe unataka kukimbilia wadudu kama nilivyokimbia mimi? Rudi ukashone wavu, jina langu lisije likakuangukia."

Ufuko mzima uliangua kicheko. Mansuetus alisimama, kamba mkononi. Kisha akacheka naye, akaufunga mtumbwi.

Mwera, ule upepo wa kusini, ulizidi, ukisukuma kila kilichoelea ziwani. Wingu lilikua, likainama kuelekea nchi kavu, likafunika jua. Wanawake waliingia majini mpaka magotini, wakayapunga makapu huku na huku hewani, wakiimba. Serafina aliimba nao maneno ya Kinyasa aliyokuwa akiyanong'ona peke yake jikoni. Alikuwa ameanza kupanga atakavyowaponda nkungu, afinyange donge, alianike, amwekee Wilfred.

"Atarudi lini huyo?" Bi Luisa aliuliza kutoka ufukweni, kana kwamba amesikia mawazo yake.

"Alisema Jumamosi, mama."

"Juzi juzi alisema Jumamosi akaja Alhamisi. Anakimbilia mke." Alinyoosha mikono. "Lete hilo kapu. Lako la kwanza nataka kulishika mimi."

Leo ilikuwa Alhamisi. Serafina alitoka majini na kapu lake jeusi mpaka ukingoni, akaliweka mapajani mwa mkwewe bila kulitazama, kwa kuwa alikuwa akiitazama furaha ya yule mama.

Bi Luisa aliingiza mkono, akachota, akasugua kwa vidole.

"Mwanangu," aliuliza, "mbona wana moto?"

Juu ya kapu kilitua kipande cha kitambaa cha maua, ukingo wake ungali mwekundu kwa moto.